Kanisa Katika Mahame: Usanifu wa Kanisa la Mtakatifu Martin, Wharram Percy, kama Ushahidi wa Historia ya Parokia ya Kiingereza

Ikisiri

Makala haya yanachunguza historia na usanifu wa Kanisa la Mtakatifu Martin lililoko Wharram Percy, katika vilima vya Yorkshire, kaskazini mwa Uingereza. Kijiji kilichozunguka kanisa hilo kilihamwa kufikia mwanzoni mwa karne ya 16, lakini kanisa liliendelea kutumika hadi mwaka 1949. Kwa muda mrefu mabadiliko ya jengo hilo yamesomwa kama kipimo cha idadi ya watu: lilipopanuka, watu walikuwa wameongezeka, liliposinywa, watu walikuwa wamepungua. Makala yanakubali kwamba usomaji huo una ukweli ndani yake, lakini yanaonesha kuwa hautoshi. Kanisa la parokia lilikuwa mali ya vitongoji vitano wala si kijiji kimoja, na utunzaji wake uligawanywa kati ya pande mbili zenye wajibu tofauti. Kwa hiyo kuta zake zinapaswa kusomwa kwanza kama kumbukumbu ya wajibu, uwezo na utashi wa waliolipia ujenzi na matengenezo, na baada ya hapo tu kama kumbukumbu ya wingi wa watu.

1.0 Utangulizi

Historia ya wakulima wa Ulaya ya zama za kati ina tatizo moja la msingi, nalo ni kwamba wakulima wenyewe hawakuandika. Yanayojulikana juu yao yametoka katika nyaraka za waliowatawala: orodha za kodi, hesabu za mashamba, kumbukumbu za mahakama za makabaila na taarifa za urithi. Nyaraka hizo ziliandikwa ili kulinda mapato, na mkulima alitajwa pale tu alipodaiwa kitu au alipokuwa sehemu ya thamani ya ardhi. Aliyeondoka bila deni aliweza kupotea katika maandishi kana kwamba hakuwahi kuwapo.

Kwa sababu hiyo, watafiti wameyageukia majengo. Katika vijiji vingi vya Uingereza, kanisa la parokia ndilo jengo pekee la zama za kati lililosimama hadi leo. Nyumba za wakulima zilijengwa kwa mbao, udongo, ezeki na mawe yasiyochongwa. Zilichakaa, zikajengwa upya, hatimaye zikatoweka. Kanisa lilijengwa kwa mawe na chokaa, likatengenezwa kizazi baada ya kizazi. Ndani ya kuta zake zimo alama za kila kizazi kilichoongeza, kilichobomoa au kilichoziba.

Wharram Percy ni mahali panapofaa kwa uchunguzi wa aina hiyo kuliko pengine popote nchini humo. Mwanahistoria wa uchumi Maurice Beresford alianza kuchimba hapo mwaka 1950, na mwaka 1952 akaungana na mwanaakiolojia John Hurst. Kazi yao iliendelea kila majira ya joto hadi mwaka 1990, ikawa shule ya akiolojia ya zama za kati kwa vizazi kadhaa vya wanafunzi na watu waliojitolea. Kanisa lenyewe lilichimbwa kati ya mwaka 1962 na 1974. Kwa kuwa lilikwisha kuacha kutumika, wachimbaji waliweza kuichunguza sakafu yake yote, jambo ambalo ni nadra sana kuruhusiwa katika kanisa ambalo bado lina waumini.

Hoja inayojengwa hapa ni kwamba jengo, kama ilivyo hati, lina mwandishi, lina mlipaji na lina kusudi. Anayelisoma bila kuuliza ni nani aliyewajibika kulijenga na kulitunza anaweza kulisoma isivyo.

2.0 Kijiji, vitongoji na parokia

Wharram Percy iko kwenye ukingo wa bonde jembamba katika vilima vya mawe ya chaki vinavyoitwa Wolds. Nyumba za wakulima zilipangwa kwa safu juu ya uwanda, kila moja ikiwa na kiwanja chake kirefu nyuma, na hadi leo mipaka ya viwanja hivyo inaonekana kama matuta chini ya nyasi. Kanisa halikujengwa juu pamoja na nyumba hizo. Liko chini, kwenye sehemu tambarare kando ya kijito, karibu na mahali palipokuwa kinu cha maji na baadaye bwawa la samaki.

Mahali hapo panatajwa katika Kitabu cha Domesday cha mwaka 1086, ule ukaguzi mkubwa wa ardhi ulioamriwa na Mfalme William wa Kwanza baada ya Wanormani kuiteka Uingereza. Baadaye ukoo wa Percy ulijipatia ardhi hapo na kukiachia kijiji jina lake. Kwa kitambo ukoo huo uligawana kijiji na ukoo wa Chamberlain, lakini kufikia katikati ya karne ya 13 Percy walikuwa wamebaki makabaila pekee. Mwanzoni mwa karne ya 15 ardhi hiyo ilipita mikononi mwa ukoo wa Hilton, ambao makao yao makuu yalikuwa mbali na hapo.

Jambo lenye uzito zaidi kwa makala haya ni mipaka ya parokia. Parokia ya Wharram Percy ilijumuisha vitongoji vitano: Wharram Percy yenyewe, Raisthorpe, Burdale, Towthorpe na Thixendale. Kila kitongoji kilikuwa na mashamba yake na nyumba zake, na baadhi vilikuwa mwendo wa saa moja au zaidi kwa miguu kutoka kanisani. Hata hivyo, wakazi wa vitongoji vyote walidaiwa zaka kwa kanisa la Mtakatifu Martin, na hilo ndilo lililokuwa kanisa mama la ubatizo, ndoa na maziko yao.

Msomaji akilisahau jambo hili, kila hatua inayofuata itapotoka. Kijiji cha Wharram Percy na parokia ya Wharram Percy vilikuwa na jina moja, lakini havikuwa kitu kimoja. Kijiji kiliweza kufa na parokia ikaendelea kuishi, na ndivyo ilivyotokea.

3.0 Ujenzi na upanuzi, karne ya 10 hadi ya 14

Kabla ya kueleza hatua za ujenzi, inafaa kufafanua sehemu za kanisa la parokia la Kiingereza kama zitakavyotajwa hapa. Sehemu ya magharibi, walikokusanyika waumini, inaitwa ukumbi mkuu. Sehemu ya mashariki, penye altare na ambapo kasisi aliongoza ibada, inaitwa patakatifu. Sehemu hizo mbili zilitenganishwa na tao. Ukumbi mkuu uliweza kuongezewa kumbi za pembeni, kaskazini au kusini: ukuta wa nje ulitobolewa, nguzo na matao vikawekwa mahali pake, na ukuta mpya ukajengwa mbele zaidi chini ya paa lililoshuka.

Chini kabisa ya sakafu ya Mtakatifu Martin wachimbaji waliyakuta mashimo ya nguzo, yaliyotafsiriwa kuwa mabaki ya kanisa dogo la mbao la karne ya 10. Likafuata kanisa dogo la mawe lenye vyumba viwili tu, ukumbi na patakatifu. Nje yake, upande wa mashariki, yalipatikana makaburi machache yaliyofunikwa kwa mabamba ya mawe yaliyochongwa, tofauti na makaburi ya kawaida yasiyo na alama. Mabamba hayo yanaashiria kuwa kanisa la kwanza la mawe lilikuwa na uhusiano wa karibu na familia moja yenye mali. Jambo hili linapatana na yanayofahamika kwingineko katika Uingereza ya Waanglo-Saksoni: makanisa mengi yaliyokuja kuwa ya parokia yalianza kama makanisa ya binafsi ya wenye ardhi, yakijengwa karibu na makazi yao.

Katika karne ya 12 kanisa hilo dogo liliachwa ndani ya jengo kubwa zaidi la mtindo wa Kinormani. Ukumbi mkuu mpya ulikuwa mpana na mrefu, patakatifu palimalizikia kwa ukuta wa nusu duara upande wa mashariki, na mnara ukainuliwa upande wa magharibi. Wajenzi wa mawe wa wakati huo walipenda kuta nene, matao ya nusu duara na madirisha membamba. Mtu aliyetelemka bondeni kutoka kwenye nyumba yake ya mbao alikutana na jengo lisilofanana na chochote kingine katika maisha yake ya kila siku.

Kuelekea mwisho wa karne hiyo uliongezwa ukumbi wa pembeni upande wa kusini, na katika karne ya 13 ukaongezwa mwingine upande wa kaskazini. Patakatifu nako kulijengwa upya: ule ukuta wa nusu duara ukabomolewa, na mwisho wa mashariki ukawa wa pembe nne na mrefu zaidi. Mabadiliko hayo hayakuwa ya Wharram pekee. Makanisa mengi nchini Uingereza yalipata kumbi za pembeni na patakatifu parefu katika kipindi hicho hicho, kipindi ambacho idadi ya watu wa nchi ilikuwa ikiongezeka na mashamba mapya yakifunguliwa. Lakini kipindi hicho pia ndicho ibada ilipobadilika. Maandamano ya ndani ya kanisa yalihitaji nafasi, altare za ziada zilihitaji mahali pa kuwekwa, na mafundisho juu ya Ekaristi yaliyothibitishwa na Mtaguso wa Nne wa Laterano mwaka 1215 yalizidi kuipa heshima sehemu ya altare.

Katika karne ya 14 kapela ndogo iliongezwa upande wa kaskazini-mashariki. Nyongeza hii inastahili kuangaliwa kwa makini kwa sababu ilifanyika katika karne ngumu. Njaa kuu ya mwaka 1315 hadi 1317, magonjwa ya mifugo yaliyoifuata na mashambulizi ya Waskoti yaliyofika Yorkshire mwaka 1322 yaliidhoofisha sana kaskazini ya Uingereza. Uchunguzi wa mali ya kabaila uliofanyika mwaka 1323 ulieleza kuwa sehemu kubwa ya mashamba ya Wharram ilikuwa hailimwi. Ikiwa upanuzi wa kanisa ni kipimo cha wingi wa watu, kapela hiyo haina maelezo. Ikiwa ni kipimo cha uwezo na nia ya wachache, maelezo yake ni mepesi: kapela za aina hii zilijengwa kwa kawaida na wenye mali waliotaka mahali pa kuzikwa na kuombewa, na nia hiyo haikungojea mavuno mema ya majirani zao.

4.0 Kupungua, karne ya 15 hadi ya 17

Kwa muda mrefu maelezo yaliyopendwa juu ya vijiji vilivyohamwa Uingereza yalikuwa ni Tauni Kuu ya mwaka 1348 hadi 1349. Beresford, katika kitabu chake juu ya vijiji vilivyopotea kilichotoka mwaka 1954, aliyapinga maelezo hayo. Alionesha kuwa vijiji vingi vilikuwa hai miaka mingi baada ya tauni, na kwamba mkono wa mwisho ulikuwa wa wenye ardhi waliogeuza mashamba kuwa malisho ya kondoo. Wharram Percy ni mfano mzuri wa hoja hiyo. Mwaka 1368, karibu miaka 20 baada ya tauni, bado kilikuwa na nyumba zipatazo 30. Mwaka 1458 zilitajwa nyumba 16. Tume ya kifalme ya mwaka 1517 iliambiwa kwamba kabaila wa Hilton alikuwa amesimamisha plau nne na kuacha nyumba nne ziangamie.

Nyumba nne si kijiji. Tume hiyo, iliyoundwa wakati wa Kadinali Wolsey, iliagizwa kuchunguza mabadiliko yaliyotokea tangu mwaka 1488 tu. Yaliyotangulia hayakuulizwa, kwa hiyo hayakuandikwa. Waliotoka kati ya mwaka 1458 na 1488, kama walihama wenyewe kutafuta ardhi bora kwingine ambako wafanyakazi walikuwa adimu, au kama walisukumwa, hawakupewa mstari hata mmoja. Watafiti wa baadaye, akiwemo Christopher Dyer, wamesisitiza kuwa vijiji vingi vilidhoofika polepole kwa kuhama kwa hiari kabla ya kabaila kumalizia kazi, na kwamba kondoo waliingia mahali ambapo tayari palikuwa na nafasi. Maelezo haya mawili hayapingani kabisa. La kwanza linaeleza mwisho, la pili linaeleza safari ndefu iliyouandaa.

Kanisa lilifuatisha njia gani? Kati ya mwisho wa karne ya 15 na karne ya 16 kumbi za pembeni zilibomolewa. Nafasi kati ya nguzo zilizibwa kwa mawe, na madirisha yaliyokuwa katika kuta za nje yaling'olewa na kupachikwa upya katika kuta hizo mpya. Matao ya zamani bado yanaonekana ndani ya ukuta uliozibwa, pamoja na nguzo zilizozama katika mawe. Karne ya 17 ilipofika, patakatifu nako kulifupishwa. Matokeo yake ni kwamba kanisa lilirudia takriban vipimo vya ukumbi wake wa karne ya 12, mithili ya mtu aliyekonda hadi nguo za ujana zikamtosha.

Ni rahisi kusema kwamba kanisa lilipungua kwa sababu kijiji kilikufa. Lakini mfuatano wa matukio unadai maelezo ya ndani zaidi. Kumbi za pembeni na patakatifu havikupunguzwa kwa pamoja. Tofauti hiyo inaeleweka pale sheria ya matengenezo ya makanisa ya Kiingereza inapozingatiwa. Kwa desturi iliyokuwa imekwisha kuota mizizi kufikia karne ya 13, ukumbi mkuu na nyongeza zake ulikuwa mzigo wa waumini wa parokia, ilhali patakatifu palikuwa mzigo wa mpokeaji wa zaka kuu. Kanisa moja lilikuwa na mifuko miwili.

Mfuko wa kwanza ulikuwa wa wakulima. Kijiji kilipopungua, idadi ya waliochangia paa, madini ya risasi, mawe na ujira wa mafundi ilipungua, lakini ukubwa wa paa ulibaki uleule. Waliobaki Thixendale, Towthorpe na vitongoji vingine walirithi gharama ya jengo lililojengwa kwa ajili ya wengi zaidi. Kubomoa kumbi za pembeni kuliwaondolea sehemu ya paa na kuwapatia mawe na madirisha ya kutumia tena. Ukitazamwa hivyo, uamuzi huo si ishara ya kukata tamaa. Ni uamuzi wa watu waliopiga hesabu, wakaamua ni kipi wanachoweza kukibeba, kisha wakakibeba kwa miaka 400 zaidi.

Mfuko wa pili ulikuwa na historia nyingine. Katika karne ya 14 haki ya zaka kuu ya Wharram Percy ilikabidhiwa kwa watawa wa Haltemprice, nyumba ya Kiaugustino iliyokuwa karibu na Hull. Watawa hao walipokea zaka na kumweka kasisi wa kuhudumia parokia kwa sehemu ndogo ya mapato. Mfalme Henry wa Nane alipozifunga nyumba za watawa, Haltemprice ilifungwa mwaka 1536, na haki zake zikaenda kwa Taji. Mali za namna hiyo zilizoea kuishia mikononi mwa watu wasio viongozi wa dini, ambao kwao zaka ilikuwa kitega uchumi na patakatifu ilikuwa gharama. Tena, baada ya Matengenezo ya Kanisa, ibada ya Kiingereza haikuhitaji patakatifu parefu kama ilivyokuwa zamani. Kasisi aliongoza sala mahali ambapo watu wote walimsikia, na altare za pembeni zilikwisha kuondolewa. Kufupishwa kwa patakatifu kunaendana na hali hizo mbili, masilahi ya mpokea zaka na mabadiliko ya ibada, kuliko kunavyoendana na kufa kwa kijiji kulikotangulia kwa zaidi ya karne moja.

5.0 Ushahidi wa makaburi

Uchimbaji wa kanisa na uwanja wake ulifukua mifupa ya watu 687, walioishi kati ya karne ya 10 na ya 19, wengi wao wa zama za kati. Mkusanyiko huo ni miongoni mwa mikubwa iliyotoka katika jamii ya vijijini ya Kiingereza, na uchunguzi wake, uliofanywa kwa miaka mingi na Simon Mays na wenzake, umetoa habari ambazo hakuna karani wa kabaila aliyezitunza.

Mifupa ya watoto inaonesha ukuaji uliodumaa. Mtoto wa Wharram wa miaka 14 alikuwa na kimo kinacholingana na cha mtoto wa Ulaya ya leo wa miaka 10. Hata hivyo, uchambuzi wa isotopu unaonesha kuwa watoto wachanga walinyonyeshwa hadi karibu miezi 18, jambo lililowakinga katika umri ambao magonjwa na lishe duni viliua wengi. Fuvu la mwanamume mmoja wa karibu na karne ya 11 lilikutwa na jeraha la pigo pamoja na tundu lililokatwa kwa uangalifu kwenye mfupa, na kingo zake zilikuwa zimepona. Mtu huyo alipasuliwa kichwa akaishi. Ujuzi huo wa tiba ulimfikia mtu aliyezikwa katika makaburi ya kijijini, katika enzi ambayo vitabu vya tiba vilikuwa vya wachache.

Lakini tahadhari iliyotolewa juu ya kuta inahusu makaburi pia. Waliozikwa hapo walikuwa wanaparokia, si wanakijiji pekee. Baadhi yao walibebwa kutoka vitongojini kupitia mabonde na vilima. Mifupa haiwezi kugawanywa kwa jina la kitongoji, na yeyote anayesema kuwa inaeleza afya ya watu wa Wharram Percy tu anasema zaidi ya yale inayoweza kuthibitisha. Inaeleza afya ya parokia.

Upo pia ushahidi wa waliokosa nafasi katika uwanja wa kanisa. Mwaka 2017 ulichapishwa uchunguzi wa vipande 137 vya mifupa ya watu wasiopungua 10, vilivyotoka katika shimo ndani ya makazi, nje ya uwanja uliowekwa wakfu. Mifupa hiyo ni ya karne ya 11 hadi ya 14. Ilikuwa na alama za kukatwa kwa visu na kuunguzwa baada ya kifo. Watafiti walipima uwezekano kadhaa, ukiwemo wa kula nyama ya watu wakati wa njaa, wakaona kuwa maelezo yanayofaa zaidi ni hofu ya wafu wanaofufuka na kuwadhuru walio hai, hofu ambayo waandishi wa Kiingereza wa zama za kati waliieleza. Vipimo vya meno vilionesha kuwa marehemu hao walikulia eneo hilohilo, hawakuwa wageni. Kwa hiyo uzio wa kanisa haukutenganisha wenyeji na wageni. Ulitenganisha waliokubalika kupumzika na walioogopwa, ingawa wote walitoka katika jamii moja.

6.0 Mjadala: jengo kama hati

Ushahidi uliowasilishwa unaruhusu kuurekebisha usomaji uliozoeleka kwa njia tatu.

Kwanza, upanuzi wa karne ya 12 na 13 ulikuwa na sababu zaidi ya moja. Ongezeko la watu lilikuwapo, lakini lilikutana na mageuzi ya ibada na ushindani wa heshima kati ya wenye ardhi. Kapela ya karne ya 14 inathibitisha kuwa mawe yaliweza kuongezeka wakati watu wanapungua.

Pili, upunguzaji ulichelewa. Kijiji kilianza kudhoofika katika karne ya 14, kikamalizika karibu na mwaka 1500, ilhali sehemu ya mwisho ya upunguzaji wa kanisa ilifanyika katika karne ya 17. Mtafiti anayeyakadiria mabadiliko ya idadi ya watu kwa kutumia mabadiliko ya jengo anaweza kukosea kwa kipindi cha vizazi kadhaa. Sababu ya kuchelewa huko ni vitongoji: kila kimoja kilikuwa na maisha yake, na parokia ilikufa kwa mwendo wa kitongoji cha mwisho, si cha kwanza.

Tatu, jengo linaweza kufichua matendo ya watu wasioandikwa, mradi lisomwe kwa kuuliza ni nani aliyelipa. Kuzibwa kwa matao ni mojawapo ya maamuzi machache ya pamoja ya wakulima wa parokia hii ambayo yamehifadhiwa bila kupitia kalamu ya kabaila. Nyaraka za mwaka 1517 zinawaonesha kama watu waliotendewa: plau zao zilisimamishwa, nyumba zao ziliachwa ziangamie. Ukuta wa kusini unawaonesha kama watu waliotenda.

Pingamizi moja linastahili kujibiwa. Inaweza kudaiwa kuwa mgawanyo wa mifuko miwili ulikuwa wa kisheria tu, na kwamba kwa vitendo kabaila au mpokea zaka ndiye aliyeamua kila jambo. Pingamizi hilo lina nguvu kwa kapela, ambayo haikuwa kazi ya wengi. Lakini halielezi kwa nini kumbi za pembeni na patakatifu vilipunguzwa kwa nyakati mbalimbali. Kama uamuzi ungekuwa wa mtu mmoja mwenye mfuko mmoja, ingetarajiwa jengo lote lipunguzwe kwa pamoja ili kuokoa gharama ya mafundi. Kutofautiana kwa nyakati ndiko kunakoelekeza kwenye pande mbili zenye sababu mbili.

7.0 Hitimisho

Mwisho wa Kanisa la Mtakatifu Martin unathibitisha hoja ya makala haya. Halikufa kijiji kilipohamwa. Lilidhoofika vitongoji vilipolihama. Mwaka 1870 Thixendale ilipata kanisa lake jipya, na waumini waliokuwa wakitembea hadi bondeni hawakuwa tena na sababu ya kufanya hivyo. Ibada ya mwisho ilifanyika mwaka 1949. Baada ya hapo madini ya risasi ya paa yaliibwa, mvua ikaingia ndani ya kuta, na mwaka 1959 sehemu ya mnara ikaanguka. Leo kuta zilizobaki zinatunzwa na shirika la English Heritage na ziko wazi kwa wageni.

Mfano huu una funzo kwa utafiti wa jamii yoyote ambayo maandishi yake yaliachwa na watawala tu. Mahame husomwa kwa urahisi kama ushahidi wa maangamizi, na mara nyingi mtafiti humtafuta mkosaji mmoja: tauni, kabaila au kondoo. Kanisa la Wharram Percy linaonesha mwenendo mrefu na wenye wahusika wengi, ambamo watu wa kawaida walipunguza, waliziba, walihamisha madirisha na kuendelea kubatiza, kuoana na kuzikana mahali palepale kwa karne nne baada ya jirani zao kuondoka. Akiolojia ya makanisa ya parokia haina budi kuwapa watu hao nafasi yao, na njia ya kufanya hivyo ni kuanza na swali la wajibu: kila ukuta ulikuwa wa nani kuujenga, wa nani kuutunza, na wa nani kuuacha.